Nina miaka 68 na nimeanza madrasa: je, kichwa bado kinashika?

SWALI: Mwanangu daktari, nina miaka 68, nilikuwa karani katika shamba la mkonge hadi nilipostaafu. Mwaka huu nimejiunga na madrasa ya akina mama ya jioni nijifunze kusoma Kurani kwa tajwidi, maana utotoni niliachia njiani. Wenzangu wengi ni wadogo kwangu na wananitangulia. Ninachofundishwa leo, kesho nusu yake imepotea. Tena siku hizi nasahau majina ya watu, na miwani naitafuta nayo iko kichwani. Marehemu mama yangu alifika mahali hatujui sisi wanawe, naogopa na mimi ndiyo yananianza. Binti yangu asema niache kujichosha, nipumzike. Kijana wangu amenitilia kwenye simu mchezo wa kukumbuka picha, asema unazuia ugonjwa huo. Nimsikilize nani?
Msomaji, Makorora, Tanga

JIBU: Mama, nianze na hofu yako, maana naona ndiyo iliyokushikisha kalamu.

Kusahau jina la mtu uliyekutana naye sokoni, kisha likakujia usiku ukiwa kitandani, si ugonjwa. Miwani iliyo kichwani nayo si ugonjwa. Vijana wa miaka ishirini wanatafuta simu huku wanaongea nayo. Kinachotutia wasiwasi sisi matabibu ni kingine: mtu kupotea njia aliyoipita miaka yote, kushindwa kuhesabu chenji aliyokuwa akiihesabu kila siku, kuuliza jambo lilelile mara nne kabla chai haijapoa, au kusimama jikoni asijue wali wa nazi unaanzia wapi. Na mara nyingi mwenyewe hana habari. Wanaoona ni watu wa nyumbani. Wewe umejiona, ukajilinganisha na wenzako, ukaandika barua inayoeleweka mwanzo hadi mwisho. Barua si kipimo cha hospitali, lakini imenipunguzia wasiwasi.

Kuhusu marehemu mama: kama yalimpata uzeeni, kama yanavyowapata wengi, hatari yako imepanda kiasi kuliko ya jirani yako, basi. Aina inayoshuka moja kwa moja kutoka kwa mzazi kwenda kwa mtoto ipo, ila ni nadra, na kwa kawaida huanza mapema, kabla hata ya miaka 60. Wewe umeshaupita umri huo.

Ugonjwa unaouogopa tunauita dimensia, na Alzheimer ndiyo aina yake inayoongoza. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba mwaka 2021 watu milioni 57 walikuwa nao, zaidi ya nusu wakiwa katika nchi za kipato cha chini na cha kati. Hapa kwetu watafiti walizunguka vijiji vya wilaya ya Hai, Kilimanjaro, wakawapima watu wa miaka 70 na kuendelea. Waliokutwa na dimensia walikuwa kama 6 katika kila 100. Sita si wachache, na nyuma ya kila mmoja pana familia iliyochoka. Lakini hesabu hiyohiyo yaonyesha kuwa wazee walio wengi hawana. Anayesema ndivyo uzee ulivyo amekosea, na aliyekosea zaidi ni yule anayemwona bibi kizee akitangatanga usiku, akiongea peke yake, akamwita mchawi. Nchi hii imezika wanawake kwa tuhuma hiyo.

Sasa madrasa. Endelea nayo, mama, wala usimwombe mtu radhi.

Ni kweli kasi ya kichwa hupungua, tena huanza kupungua tungali vijana, sema hatujali. Kushika jambo jipya huchukua muda mrefu zaidi uzeeni, na kelele za darasani humvuruga mtu mzima kuliko mtoto. Lakini msamiati huendelea kukua hadi miaka ya sitini na kuipita, na uwezo wa kujifunza haufungwi siku ya kustaafu. Taifa hili lilishalithibitisha. Mwalimu Nyerere aliutangaza mwaka 1970 kuwa mwaka wa elimu ya watu wazima, na wewe ulikuwa mtoto wa shule ulipoona baba na babu za watu wakikaa chini ya miembe na vibao vyao vya kisomo. Mwaka 1967 watu wazima wawili katika kila watatu hawakujua kusoma. Kufikia katikati ya miaka ya 1980 waliobaki hawajui walikuwa kama mmoja katika kumi. Jirani zetu wa Kenya nao walikuwa na mzee Kimani Maruge, aliyeingia darasa la kwanza Eldoret mwaka 2004 akiwa na miaka 84, mwaka uliofuata akaenda New York kuzungumza Umoja wa Mataifa juu ya elimu. Alitaka kuisoma Biblia mwenyewe, asisomewe.

Mchezo wa simu aliokutilia kijana si mbaya, lakini usiupe kazi usiyoiweza. Marekani walifanya jaribio kubwa kwa wazee zaidi ya 2,800 wenye miaka 65 na kuendelea. Kundi moja lilifundishwa mbinu za kukumbuka, la pili kufikiri kwa mantiki, la tatu kasi ya kuona na kuamua, la nne halikufundishwa kitu. Kila kundi liliimarika katika kile kile lilichofunzwa. Aliyefunzwa kukumbuka orodha hakuwa mjuzi wa mantiki. Mafunzo ya kasi, yaliyokuwa na msimamizi na ratiba, yamekuja kuhusishwa na dimensia pungufu miaka ya baadaye, na wataalamu bado wanayafuatilia. Hiyo si ruhusa kwa kila programu ya simu kujitangaza kuwa chanjo ya Alzheimer. Ukicheza mchezo wa picha kwa mwaka mzima, utakuwa hodari wa mchezo wa picha.

Jaribio jingine, la Texas, linakuhusu zaidi. Watu wa miaka 60 hadi 90 walipewa kitu kigeni kwao: upigaji picha kwa kamera ya dijitali na kuzihariri kwenye kompyuta, au ushonaji wa mablanketi ya viraka, yapata saa 15 kwa wiki kwa miezi mitatu. Wengine walikutana tu wakapiga soga na kutembezana, na wengine walibaki nyumbani na mafumbo mepesi. Kumbukumbu zilizoimarika ni za wale waliotokwa jasho kujifunza kitu kigumu. Kwa hiyo ile adha unayoilalamikia, ya kutanguliwa na kusahau na kurudia, ndiyo dawa yenyewe inavyofanya kazi. Baba yetu anayecheza bao kibarazani na mpinzani yuleyule, ufunguzi uleule, miaka ishirini, anafaidi mazungumzo na ni vyema, lakini ubongo wake haujasumbuliwa. Amtafute anayemfunga.

Je, madrasa itakuzuilia dimensia? Siwezi kukuahidi, na anayekuahidi muulize anauza nini. Tunachokijua ni kwamba watu waliosoma zaidi na kuendelea kutumia vichwa vyao hupata dalili kwa kuchelewa. Watawa 678 wa Kikatoliki wa Marekani walikubali kufuatiliwa hadi kufa kwao na ubongo wao kuchunguzwa. Wapo waliokutwa na alama tele za Alzheimer ndani ya ubongo, ilhali hadi mwisho walikuwa timamu. Tunaiita akiba ya ubongo. Lakini hapa pana mtego: maradhi haya huanza kimyakimya miaka mingi kabla ya dalili, na anayeanza kuguswa huacha vitabu na baraza mwenyewe. Ndiyo maana si kila mara tunajua kama ni shughuli zilizomlinda mtu, au ni uzima wake uliomwezesha kuwa na shughuli.

Na hapa nataka tukae kidogo. Umeandika kwamba ya leo kesho nusu yake imepotea. Mama, una hakika uliyasikia?

Uzee unapogusa masikio huanza na sauti nyembamba. Mtu anasikia mlango, anasikia adhana, anasikia ukimwita kwa nguvu, kwa hiyo anakataa kwamba hasikii. Kinachompotea ni ncha za herufi: s, f, th. Sasa fikiria tajwidi ni nini kama si ncha za herufi. Anayekaa safu ya nyuma, feni inavuma, wenzake wanasoma kwa pamoja, akadaka sini badala ya swadi na thaa badala ya sini, atarudi nyumbani na kitu chenye ukungu, na asubuhi ataona amesahau. Ubongo nao unatumia nguvu nyingi kubahatisha kilichosemwa hata haubaki na nguvu ya kukihifadhi. Jopo la wataalamu la jarida la Lancet lilihesabu mwaka 2024 mambo 14 yanayoweza kurekebishwa na yanayochangia karibu asilimia 45 ya dimensia duniani. Upungufu wa kusikia na lehemu mbaya katika damu ndivyo vilivyoongoza, asilimia 7 kila kimoja. Kukosa elimu utotoni ni asilimia 5, na upweke vilevile 5. Presha, kisukari, sigara, uoni hafifu usiotibiwa na kutofanya mazoezi vimo humohumo.

Kwa hiyo masikio kwanza. Huenda ni nta tu iliyojaa, itasafishwa siku hiyohiyo. Lakini isafishwe na mhudumu wa afya, si kwa kiberiti wala pini ya nywele, maana nimeshaona ngoma za masikio zilizotobolewa hivyo. Huenda ukahitaji kifaa cha kusikia, na najua bei yake ni mzigo; wakati mnakitafuta, hamia safu ya mbele, mwombe mwalimu akutazame anaposoma, uone mdomo wake. Macho yapimwe pia, kwa kuwa mtoto wa jicho hufanya mistari ya msahafu iogelee, na msomaji akadhani kichwa ndicho kilichochoka.

Kisha dawa. Vidonge vya mafua vinavyoleta usingizi, kama Piriton, na vidonge vya kulala kama Valium humchanganya mtu mzima kuliko kijana, na duka la dawa hukuuzia bila kukuuliza umri. Upungufu wa vitamini B12, tezi ya shingo iliyolegea na sonona navyo huvaa sura ya usahaulifu, na vyote vina tiba.

Kwa binti yako nina neno, nalo si la kumlaumu. Anakupenda. Lakini nimeona nyumba nyingi ambamo mapenzi yamemwondolea mama kisu cha jikoni, yakamwondolea funguo za duka, yakamwondolea safari ya sokoni, hata amebaki na kiti na televisheni. Huo si utunzaji. Akuache utoke jioni, urudi kwa miguu ikiwa njia ina mwanga. Katika jaribio moja la wazee 120, waliotembea dakika 40, siku tatu kwa wiki, kwa mwaka mzima, sehemu yao ya ubongo inayohifadhi kumbukumbu, hipokampasi, ilikua kwa asilimia 2, na ya wenzao waliojinyoosha tu ikapungua.

Na somo lenyewe ligawe. Robo saa baada ya alfajiri na robo saa kabla ya kulala vinashinda saa mbili za Ijumaa. Funga msahafu, soma kwa kichwa, kosea, ndipo ufungue uhakiki. Kule kujivuta kukumbuka ndiko kunakolikaza somo, kuliko kuliangalia mara kumi.

Wiki hii, mama, nenda hospitali, pitia dirisha la wazee. Beba dawa zote unazotumia kwenye mfuko, pamoja na zile ulizopewa na jirani. Wapime presha, sukari, masikio na macho, na umwambie daktari habari za marehemu mama. Binti aende nawe, kwa kuwa maswali mengine yanajibiwa vizuri zaidi na anayeishi na mtu. Ukitoka hapo, jioni kuna darasa.