Somo la Hesabu: Sanduku Lilikuwa na Pesa Ngapi?



Mara nyingi kikundi huvunjika si kwa sababu ya wizi, bali kwa sababu ya hesabu. Mwezi huu tujifunze hesabu moja inayoweza kuokoa jina la mtu.

Chukueni mfano huu. Kina mama wamekubaliana kutoa theluthi moja ya pesa za sanduku wanunue mbegu. Mweka hazina amerudi na mbegu na risiti ya Sh. 2,400. Sandukuni zimebaki Sh. 4,800. Siku ya mkutano mmoja anasimama: "Theluthi ya 4,800 ni 1,600. Hii 2,400 imetoka wapi? Mia nane zimeliwa!" Wengine wanaanza kunung'unika.

Je, zimeliwa kweli? Tuangalie polepole. Theluthi ilikuwa ya pesa zote, siyo ya zile zilizobaki. Ukitoa theluthi moja, zinabaki theluthi mbili. Kwa hivyo 4,800 ni theluthi mbili za pesa za kwanza. Hizo pesa za kwanza hatuzijui, basi tuziite k:

2/3 × k = 4,800

Alama ya = ni kama mizani. Ukifanya jambo upande mmoja, fanya lilo hilo upande wa pili, la sivyo mizani italala.

Hatua ya 1: Ondoa nambari ya chini. Zidisha pande zote mbili kwa 3.
2 × k = 14,400

Hatua ya 2: Gawanya pande zote mbili kwa 2.
k = 7,200

Hatua ya 3: Hakikisha. Theluthi ya 7,200 ni 2,400. Zikitoka, zinabaki 4,800. Risiti ni sawa kabisa. Mama wa watu hana hatia!

Je, sehemu zikiwa mbili?

Kikundi kimeuza mahindi. Nusu ya pesa wamegawana, theluthi wamenunua mabati, na Sh. 1,500 zimebaki. Waliuza kwa pesa ngapi?

k/2 + k/3 + 1,500 = k

Tafuta nambari inayogawanyika kwa 2 na pia kwa 3 bila kubakisha. Ndiyo 6. Zidisha kila kitu kwa 6, hata ile 1,500. Hapo ndipo wengi husahau.

3k + 2k + 9,000 = 6k
5k + 9,000 = 6k

Toa 5k kila upande: k = 9,000.

Hakikisha: nusu ni 4,500, theluthi ni 3,000, ongeza 1,500. Jumla 9,000.

Zoezi la kikundi

1. Mwanachama amelipa robo ya mkopo wake. Bado anadaiwa Sh. 3,600. Alikopa ngapi?
2. Nusu ya pesa ilinunua kuku, moja ya tano ikanunua chakula chao, zikabaki Sh. 1,200. Zilikuwa ngapi?

Msimwachie katibu peke yake. Andikeni ubaoni au hata chini kwenye mchanga, kila mtu aone. Kama nyumbani kuna mtoto wa shule, fanyeni naye. Na kabla ya kutoa pesa yoyote, andikeni kwanza zilizopo. Wazee walisema, mali bila daftari hupotea bila habari.

Majibu: (1) Sh. 4,800. (2) Sh. 4,000.