Mchezo wa Sarafu na Fimbo ya Chuma

Nimeombwa niandike somo la hesabu katika kurasa zetu za Kiswahili. Wengi hudhani kwamba hesabu za juu haziwezi kusemwa ila kwa Kifaransa, tena kwamba kazi yake huishia katika mtihani. Mimi nataka kuonyesha kwamba elimu mbili zinazoonekana kuwa mbali sana, yaani elimu ya joto na umeme, na elimu ya bahati na uwezekano, kumbe zinafuata sheria moja. Jambo hili nilikuwa nimelisoma kitabuni, lakini sikulielewa vema mpaka siku kijana mmoja aliponijia kuniomba faranga 2,000.

Kijana huyo yu katika madarasa ya chini. Kwao na kwetu ni jirani, huko Buyenzi, na huniita kaka. Mama yake huuza ndagala sokoni. Katika karo yake zilibaki faranga 10,000, na mama alimpa 2,000 za kuanzia. Badala ya kuzipeleka shuleni, alikwenda kurusha sarafu na vijana wakubwa, kila mrusho faranga 1,000. Kabla jua halijatua hakuwa na kitu.

"Kaka, niazime 2,000 tu," akasema. "Mchezo ni wa haki, sarafu niliikagua mwenyewe. Nikifika 10,000 naacha."

Nilitaka kumgombeza, lakini neno lake lilinizuia. Ikiwa mchezo ni wa haki kweli, kwa nini nimkataze? Sikuwa na jibu mdomoni. Nikamwambia, "Keti, mdogo wangu, tuhesabu."

Tuliandika namba 0 hadi 10 katika mstari mmoja. Kila namba ni faranga elfu ngapi alizo nazo mchezaji. Akifika 0 amefilisika, akifika 10 amepata karo, na yeye anaanzia 2. Sasa tuulize: akiwa juu ya namba fulani, ana uwezekano gani wa kufika 10 kabla ya 0? Juu ya 0 uwezekano ni 0, maana mchezo umekwisha. Juu ya 10 ni 1, maana amekwisha kufika. Na katikati je? Akirusha sarafu, nusu ya bahati humpeleka kwa jirani wa kushoto, na nusu humpeleka kwa jirani wa kulia. Basi uwezekano wake ni wastani wa uwezekano wa majirani wake wawili. Mimi naiita hii sheria ya majirani.

Ikiwa kila namba ni wastani wa majirani zake, basi hatua zote kutoka namba hadi namba zina kimo kimoja, kama ngazi iliyojengwa na fundi hodari. Kutoka 0 hadi 1 tuna hatua kumi, kwa hiyo kila hatua ni sehemu moja ya kumi. Juu ya 2 uwezekano ni 2/10, yaani mara moja katika mara tano. Mara nne katika tano hurudi nyumbani mikono mitupu.

Sasa tuache sarafu kidogo, tuchukue fimbo ya chuma. Ncha moja iwe katika barafu, nyuzi 0, na ncha nyingine tuitunze katika nyuzi 100. Maji yanayochemka hayatatupa nyuzi 100 kamili hapa kwetu, kwa kuwa Bujumbura iko juu ya usawa wa bahari zaidi ya mita 770, lakini kwa hesabu tuseme 100. Fimbo ifunikwe vizuri ili joto lisitoke pembeni, kisha tungoje mpaka hali itulie. Ndipo joto la kila mahali katika fimbo litakuwa wastani wa joto la pande zake mbili. Lisipokuwa hivyo, joto litaendelea kutiririka mpaka liwe hivyo. Ni ile ile sheria ya majirani. Basi katika sehemu ya mbili kati ya kumi, tukihesabu toka barafuni, tutapata nyuzi 20. Linganisha: nyuzi 20 katika 100, na mara 1 katika 5. Ni jibu moja.

Kijana akaniuliza, "Na kama nisingeacha nikifika 10, ningeendelea tu?" Swali zuri. Maana yake tunairefusha fimbo. Ncha ya moto ikiwa kwenye 100, yeye juu ya 2 ana uwezekano wa 2/100. Ikiwa kwenye 1,000, ana 2/1,000. Ncha ya moto ikiondolewa mbali bila mwisho, joto halimfikii kabisa. Anayecheza bila kuacha na mtu mwenye mfuko usio na mwisho atafilisika, hata kama sarafu ni ya haki.

Mpaka hapa tulikuwa katika mstari. Sasa tuingie mitaani. Buyenzi yetu ina barabara za namba zilizonyooka, nazo njia nyingine huzikata. Tuchukue njia panda nne tu, mbili upande wa magharibi na mbili upande wa mashariki. Mbuzi amekata kamba. Kila afikapo njia panda huchagua moja ya njia nne bila upendeleo. Akitoka upande wa magharibi anaelekea ziwani Tanganyika, na akitoka upande mwingine wowote watoto wanamkamata. Ana uwezekano gani wa kufika ziwani?

Sasa majirani ni wanne. Uwezekano wa njia panda ya magharibi tuuite M, na wa mashariki tuuite S. Jirani mmoja wa M ni njia ya ziwani, thamani yake 1. Mwingine ni njia ya watoto, 0. Wawili waliobaki ni M mwenzake na S. Basi mara nne ya M ni 1 + M + S. Na mara nne ya S ni M + S peke yake, kwa kuwa njia zake mbili za nje ni 0. Fanya hesabu, utapata M = 3/8 na S = 1/8.

Mwenzangu mmoja hakusadiki. Basi tulitafuta vizuizi vya umeme 12 vyenye nguvu sawa, vile vidogo vilivyomo katika redio zilizokufa. Tukaviunga kwa mfano wa mitaa ile, kila kizuizi mahali pa njia moja. Ncha mbili za ziwani tulizifunga kwenye upande wa chanya wa betri ya gari ya volti 12, na ncha sita za watoto kwenye upande wa hasi. Hesabu inasema tuone 3/8 ya 12, yaani volti 4.5, na 1/8 ya 12, yaani volti 1.5. Mshale wa kipimo ulisimama karibu kabisa na namba hizo. Kisha tulirusha sarafu mbili mbili kumtembeza mbuzi wa karatasi mara 80 kutoka njia panda ya magharibi. Hesabu ilitaka afike ziwani kama mara 30. Alifika mara 28. Umeme haujui habari za mbuzi, wala mbuzi hajui umeme, bali wote wawili wanatii sheria ya majirani.

Elimu ya volti na joto lililotulia huitwa nadharia ya potenshali. Ilianza katika kutafuta nguvu za mvutano wa nyota na sayari, na Laplace wa Ufaransa aliipa kanuni yake kubwa. Mwaka 1828 Mwingereza George Green, mtoto wa mwoka mikate mwenye kinu cha upepo, aliiendeleza sana ingawa alikuwa amesoma shuleni muda mfupi tu. Elimu ya mwendo wa bahati ilikwenda njia yake. Mwaka 1921 György Pólya alithibitisha kwamba mtembezi wa bahati katika mitaa isiyo na mwisho lazima arudi siku moja alikoanzia. Lakini arukaye hewani, mwenye pia njia za juu na chini, hurudi kama mara 34 tu katika 100. Mwaka 1944 Mjapani Shizuo Kakutani alionyesha wazi kwamba elimu hizi mbili zinakutana: ukitaka kujua potenshali mahali fulani, mwachie mtembezi wa bahati aanzie hapo, utazame atagusa wapi mpakani, kisha uchukue wastani. Baadaye Joseph Doob na Gilbert Hunt wa Marekani waliyajenga mambo haya yakawa elimu kubwa.

Nirudi kwa mdogo wangu. Aliinama muda mrefu juu ya karatasi. "Kwa hiyo haki ya mchezo haina faida?" Nikamjibu kwamba mara moja katika tano ya faranga 10,000 ni faranga 2,000, yaani zile zile alizokwenda nazo. Mchezo wa haki haumwongezei mtu kitu kwa wastani. Na sarafu ikiinama kidogo tu, hata kumpa ushindi mara 45 katika 100 badala ya 50, uwezekano wake wa kufika 10,000 hupungua toka mara 20 hadi chini ya mara 8 katika 100.

Nilimpa zile 2,000. Hakuzipeleka mchezoni. Jumamosi alimweleza mama yake yote, akakaripiwa sana, na tangu hapo kila mwisho wa juma humsaidia kuanika ndagala. Karo bado haijatimia, lakini kila juma inapungua, wala hairudi nyuma.

Zoezi kwa wasomaji: njia panda ziwe tisa, tatu kwa tatu, na mbuzi aanzie ile ya katikati kabisa. Ana uwezekano gani wa kutokea upande wa ziwa? Atakayefikiri vema hatahitaji kalamu.