Pima Neno, Usipime Macho: Somo Kuhusu Uongo wa Kila Siku



Katika mikutano ya polisi na wananchi kuna kauli ambayo haikosi kusikika: "Siku hizi hakuna mtu mkweli." Husemwa na mzee aliyetapeliwa, na mfanyabiashara aliyepokea noti bandia, na hata na kijana ambaye hajapatwa na lolote ila ameisikia kwa wengine. Kauli hiyo si ya kupita tu. Anayeamini kwamba watu wote ni waongo hakubali kutoa ushahidi, hampokei mgeni, wala hamwamini jirani amletaye habari ya hatari. Kwa upande wa pili, yuko anayeamini kwamba yeye hawezi kudanganywa kwa sababu "anawajua watu kwa kuwatazama." Huyo ndiye mwepesi zaidi kunaswa. Somo la toleo hili linauliza maswali mawili: je, uongo umeenea kiasi gani katika maisha ya kila siku? Na je, mtu wa kawaida ajikinge vipi bila kugeuka kuwa mtu wa kumshuku kila mpita njia?

Uongo ni mwingi kiasi gani?

Swali hili limechunguzwa na wataalamu wa saikolojia. Mwaka 1996 nchini Marekani, Bella DePaulo na wenzake walichapisha utafiti ambao wanafunzi 77 wa chuo na wakazi 70 wa kawaida waliombwa kuandika katika daftari, kwa muda wa wiki moja, kila uongo waliousema. Wanafunzi waliandika wastani wa uongo mara mbili kwa siku, na wakazi mara moja. Sehemu kubwa ilikuwa ya mambo madogo, ambayo wasemaji wenyewe hawakuyaona kuwa mazito.

Mwaka 2010 ulitoka utafiti mwingine, uliowauliza watu wazima 1,000 nchini humo ni mara ngapi walidanganya katika saa 24 zilizopita. Takriban watu 60 katika kila 100 walijibu kwamba hawakudanganya hata mara moja. Jambo la kuzingatia zaidi ni kwamba karibu nusu ya uongo wote uliotajwa ulisemwa na kikundi kidogo mno, cha watu wapatao watano katika kila 100.

Ni kweli kwamba Marekani si Burundi, na mtu anayeulizwa kuhusu uongo wake anaweza kuuficha. Hata hivyo, sura ya jambo hili tunaifahamu kwetu. Katika soko moja wauzaji wengi hutumia mizani iliyo sawa, na mmoja au wawili hujulikana kwa kuichezea. Katika mtaa mmoja majirani wengi hurudisha walichoazima, na mmoja hukopa kwa kila mtu akatoweka. Uongo haukugawanywa sawasawa kama mvua inavyonyesha juu ya mapaa yote. Kwa hiyo kauli ya kwamba hakuna mtu mkweli si sahihi. Lililo sahihi ni kwamba watu wengi husema kweli mara nyingi, na wachache wanaoishi kwa uongo huwadhuru watu wengi.

Uongo si wa namna moja

Uko uongo wa adabu. Mgeni aliyekaribishwa chakula husema, "Nimeshakula," ilhali ana njaa, kwa sababu ameona sufuria ni ndogo na watoto ni wengi. Huyu hakutaka kumdhuru mtu.

Uko uongo wa woga. Mtoto aliyevunja mtungi husema ni paka. Msafiri asiye na hati husema amesahau nyumbani. Mtu aliyetapeliwa huwaambia ndugu zake kwamba fedha zimeibwa, maana anaona aibu kusema alizitoa kwa mkono wake mwenyewe. Uongo wa namna hii hauna nia ya kuiba, lakini humpa mhalifu nafasi. Kila anayeficha kwamba alitapeliwa humwachia tapeli njia ya kwenda kwa jirani.

Uko pia uongo wa faida, ambao msemaji wake ameupanga ili achukue mali, kazi, mwili au uhuru wa mwenzake. Huu ndio uongo ambao sheria inauangalia kwa jicho kali. Kanuni ya Adhabu ya Burundi ya mwaka 2017 inaadhibu utapeli na kughushi hati, na sheria ya tarehe 29 Oktoba 2014 inahusu kuzuia na kuadhibu biashara ya kusafirisha watu.

Macho hayatoi ushahidi

Wengi wetu tumefundishwa kwamba mwongo hawezi kukutazama machoni. Imani hii si ya kwetu peke yetu. Mwaka 2006 watafiti waliowauliza watu wa nchi 58 namna ya kumtambua mwongo walikuta kwamba jibu lililotolewa zaidi lilikuwa hilo hilo: mwongo hukwepa macho. Mwaka huo huo wataalamu wengine walikusanya matokeo ya tafiti nyingi, zenye watu zaidi ya 24,000 waliotakiwa kutenganisha uongo na ukweli kwa kumsikiliza na kumtazama msemaji. Walipatia mara 54 katika kila 100. Mtu ambaye angerusha sarafu juu na kufuata upande ulioangukia angepatia mara 50. Hata watu ambao kazi yao ni kuhoji wenzao, polisi wakiwemo, hawakuonekana kuwazidi wengine kwa kiasi kikubwa.

Jambo hili lina uzito mkubwa kwa wakazi wa mpakani. Katika malezi yetu, kijana anayezungumza na mkubwa huinamisha macho, na hiyo ni heshima. Mnamo Februari 2025, maelfu ya watu waliokimbia vita huko Kivu Kusini walivuka mto Rusizi kuingia Burundi, wengine wakiwa wamebeba watoto mgongoni. Mtu wa namna hiyo akitetemeka, akigugumia au akichanganya siku, huenda ni uchovu na hofu tu. Tapeli mzoefu, kwa upande wake, hukutazama usoni, hutabasamu, hukuita "mama" au "kaka," na maneno yake hayana mkwaruzo. Tukipima macho, tutamkataa mwenye shida na kumpokea mwenye hila.

Kwa nini tunadanganyika?

Hatudanganyiki kwa sababu ya ujinga. Tunadanganyika kwa sababu maisha hayawezekani bila kuaminiana. Tuchukue mfano wa mama auzaye ndagala. Mvuvi humpa mzigo alfajiri naye hulipa jioni, dereva humchukulia magunia bila risiti, na mteja wa upande wa pili wa mpaka hutuma fedha kabla hajaona samaki. Mama huyo akiamua kutomwamini mtu yeyote, biashara yake itakufa kwa wiki moja. Imani ndiyo mtaji wake, na tapeli hutafuta kula mtaji huo.

Kwa hiyo dawa si kuacha kuaminiana. Dawa ni kujua ni wakati gani neno linahitaji kupimwa. Mwenye uongo wa faida huwa na vyombo vyake vya kazi. Cha kwanza ni haraka: "Nafasi inafungwa leo saa kumi." Cha pili ni siri: "Usimwambie mumeo, utamshangaza." Cha tatu ni faida isiyolingana na jasho. Cha nne ni jina la mkubwa: "Mimi nimetumwa na ofisi fulani." Vyombo viwili kati ya hivyo vikikutana katika neno moja, simama kwanza.

Mfano wa siku hizi ni wa fedha za simu. Unapata ujumbe kwamba umetumiwa faranga, kisha mtu anapiga akilalamika kwamba amekosea namba, mtoto wake yuko hospitali, urudishe mara moja. Ukisikiliza sauti yake utalia naye. Usiisikilize sauti, angalia salio lako. Ikiwa salio halikuongezeka, hakuna fedha iliyoingia, hata ujumbe uwe na maandishi mazuri namna gani. Ikiwa limeongezeka, nenda naye kwa wakala au kampuni ya simu, wao warekebishe. Na namba ya siri haiombwi na mtu mkweli.

Uongo uliovuka mpaka ukaua

Asiyeamini kwamba uongo huua akumbuke yaliyotokea mashariki mwa nchi yetu. Kuanzia mwaka 2007 nchi jirani ya Tanzania ilikumbwa na mauaji ya watu wenye ualbino. Chanzo kilikuwa uongo wa waganga matapeli, waliodai kwamba viungo vya watu hao huleta utajiri katika madini na uvuvi. Mwaka 2008 uongo huo ulivuka mpaka ukaingia Ruyigi na Cankuzo. Watu wasio na hatia waliuawa, mtoto akiwemo, na viungo vyao vilichukuliwa ili viuzwe ng'ambo ya mpaka. Wenzao waliobaki walikimbia vilima vyao, na mwendesha mashtaka wa Ruyigi wa wakati huo, Nicodème Gahimbare, aliwahifadhi kadhaa nyumbani kwake. Mwezi Julai 2009 mahakama ya Ruyigi iliwatia hatiani washtakiwa kadhaa, na mmoja wao alihukumiwa kifungo cha maisha.

Tutafakari jambo hili kwa makini. Uongo huo haukuwa na ushahidi wowote. Hakuna aliyeonyesha mchimbaji au mvuvi aliyetajirika kwa kiungo cha binadamu. Ulienea kwa sababu kila aliyeusikia alimtazama aliyeusema, akamwona ni mtu mzito, na hakuuliza: nani ameona?

Ahadi ya kazi ya mbali

Uongo mwingine unaopita mipakani ni wa ahadi ya kazi. Katika muongo uliopita mabinti wengi wa Burundi walisafirishwa kwa njia za kificho kwenda nchi za Ghuba, wakiahidiwa mshahara mnono, na baadhi yao wakaishia katika mateso na kunyang'anywa pasipoti. Mwaka 2021 serikali ya Burundi ilitia saini makubaliano na Saudi Arabia kuhusu wafanyakazi, ili waendao wapitie njia inayojulikana. Kwa hiyo ajaye kilimani usiku akitaka binti asiage wazazi, avuke kwa njia ya porini, au aseme umri usio wake, tayari amejieleza mwenyewe. Mtu anayekuanzishia safari kwa kukufundisha kudanganya atakudanganya na wewe.

Tuwakumbushe vilevile ndugu zetu wakimbizi na wanaowapokea: kuandikishwa kuwa mkimbizi hakulipiwi. Mtu anayedai fedha ili aweke jina lako katika orodha ni wa kuripotiwa.

Namna ya kupima neno

Hatuhitaji kwenda mbali kutafuta njia. Mababu zetu walikuwa nayo. Bashingantahe, wazee waamuzi wa vilima, hawakukata shauri kwa kutazama uso wa mtu. Walimsikiliza mlalamikaji, wakamsikiliza mlalamikiwa, wakaita mashahidi, kisha wakajitenga kushauriana. Fimbo yao, intahe, ilikuwa alama ya haki kwa sababu neno lilikuwa limepimwa kabla ya kutamkwa. Nasi tufuate hatua zao:

1. Tulia. Jambo la kweli litabaki kuwa la kweli hata kesho asubuhi.

2. Uliza: nani ameona? "Nimesikia" si ushahidi. Ukikosa aliyeona, usiusambaze uvumi huo, si kwa mdomo wala kwa simu.

3. Pima kwa kitu, si kwa sura. Angalia salio, soma mkataba katika lugha unayoijua, ipeleke noti kwa anayeitambua, piga simu kwa ofisi iliyotajwa kwa namba uliyoipata mwenyewe.

4. Mshirikishe mtu wa pili. Neno linaloogopa masikio ya watu wawili lina ugonjwa.

5. Toa taarifa, na taja ulichokiona tu. Kumsingizia mtu kwa makusudi ni kosa, na kumpiga anayeshukiwa ni kosa kubwa zaidi. Mwite mkuu wa kilima au polisi.

Waliotapeliwa wasione haya. Tumeona kwamba katika kila watu 100 hakuna kundi lenye jicho la kutambua uongo wote. Aliyedanganywa hakuvunja sheria. Aliyedanganya ndiye aliyeivunja. Taarifa yako ya leo ndiyo itakayomzuia tapeli yule yule asimfikie mjane wa nyumba ya tatu.

Maswali ya kujadili kilimani

Je, ni uvumi gani uliosikika hapa mwezi huu, na ni nani aliyeona kwa macho yake? Je, tuna mgeni tuliyemshuku kwa sura yake tu? Je, yuko kati yetu aliyetapeliwa akanyamaza, na tumsaidieje aseme bila kuchekwa?

Wazee wetu husema kwamba ukweli hupita motoni bila kuungua. Basi tusiogope kuupitisha motoni kila tunapoletewa neno zito. Likiwa la kweli litatoka zima, na aliyelileta kwa nia njema hatachukia kuulizwa.