Upepo wa Agosti na nywele za mteja: usirudishe hela kabla hujaangalia

Somo la leo ni la dada zangu wasusi, wenye saluni, na wale wanaouza mafuta na vitambaa vya kichwa mezani. Hata kama unauza nyanya, soma tu, maana na wewe una kichwa na unapanda boda.

Naanza na yaliyonikuta. Mwezi wa nane, mama mmoja anayekusanya maharage huku Ileje na kuyapeleka Tunduma aliingia kibandani kwangu hapa Mbebe, ameshika leso imefungwa fundo. Wiki sita nyuma nilikuwa nimemsuka rasta. Akafungua leso mbele ya wateja wawili waliokuwa wanasubiri, ndani kuna fungu la nywele kama ngumi. "Mwanangu, ona ulichonifanyia. Nirudishie hela yangu." Nilipata aibu nikamrudishia nusu. Mmoja wa wale wateja akaaga kwamba anaenda sokoni mara moja, mpaka leo hajarudi.

Siku ile sikujua kwamba sehemu kubwa ya lile fungu haikuwa kosa langu wala kosa la rasta. Na ile sehemu ndogo iliyobaki ilikuwa kosa kweli, ila la kuzuilika. Ndo maana naandika.

TUANZE NA HALI YETU YA HEWA

Nyanda za Juu Kusini tuna msimu mmoja wa mvua, kuanzia Novemba hivi mpaka Aprili. Mei mvua imekata. Juni na Julai baridi kali, hewa imekauka. Agosti na Septemba ndo upepo na vumbi. Ukitaka kujua hewa ni kavu kiasi gani angalia nguo kwenye kamba. Kitenge ambacho Februari kinashinda siku nzima bila kukauka, Agosti unakianua kabla ugali haujaiva. Sasa jiulize, hewa inayonyonya maji kwenye kitenge namna hiyo inafanya nini kwenye nywele?

Unywele uliokwisha kutoka nje ya ngozi hauna uhai. Ni protini inayoitwa keratini, na kwa nje umefunikwa na magamba madogo yaliyolaliana kama vigae vya paa. Magamba yakilala vizuri, maji yanakaa ndani na unywele unateleza na kung'aa. Yakinyanyuka, maji yanatoka, unywele unapauka na unakwaruzana na mwenzake. Upepo unafanya yote mawili kwa pamoja: unakausha, halafu unazisugua nywele zenyewe kwa zenyewe mpaka zinafungana mafundo. Ukija na chanuo kwenye yale mafundo makavu, unazikata.

Na nywele zetu za kujikunja zina shida yake ya ziada. Ngozi ya kichwa inatoa mafuta yake ya asili, lakini mafuta yale yanashindwa kushuka kwenye mikunjo mpaka nchani. Kwa hiyo shina linakuwa na mafuta kidogo na ncha ni kavu kabisa, na ncha ndo sehemu kongwe kuliko zote. Nywele inakua takriban sentimita moja kwa mwezi, hivyo ncha ya nywele yenye urefu wa sentimita 20 imeshapigwa na jua na upepo kwa zaidi ya mwaka mmoja na nusu. Tena ikishachanika haiponi. Hakuna mafuta yanayounganisha ncha iliyopasuka, hata chupa iandikwe nini. Kinachosaidia ni mkasi.

JINSI YA KUSOMA LESO YA MTEJA

Hapa naomba utulie, maana hapa ndo kuna hela yako.

Binadamu yeyote mwenye afya anadondosha nywele kati ya 50 na 100 kwa siku, ni kawaida ya mwili. Ukiwa na nywele za wazi zinatoka na chanuo kila asubuhi wala huzioni. Ukisuka, zinazodondoka hazina pa kwenda, zinabaki zimeshikwa ndani ya msuko. Wiki sita ni siku 42. Zidisha: 42 mara 50 ni 2,100, 42 mara 100 ni 4,200. Yaani mteja akifumua baada ya wiki sita ni halali yake kukuta nywele elfu mbili mpaka elfu nne zimetoka kwa siku moja. Ni fungu kubwa. Linatisha. Na wa kulaumiwa sio wewe msusi.

Sasa chukua nywele chache kutoka kwenye lile fungu, ziweke juu ya kitambaa cheusi, uangalie miisho yake. Ile yenye kitone cheupe mwishoni, na ndefu karibu sawa na nywele za kichwani, hiyo imedondoka yenyewe kutoka kwenye shina, muda wake ulikuwa umefika. Ile fupi fupi isiyo na kitone upande wowote, hiyo imekatika. Inayodondoka inaota tena. Iliyokatika ni hasara, na ndo kazi ya ukavu, upepo, na mikono yetu.

Fungu likiwa na vitone vyeupe vingi, muoneshe mteja kwa utulivu, mpigie na ile hesabu ya siku 42. Fungu likiwa limejaa vipande vifupi, usibishane naye. Muulize anasafiri na nini, analala na nini kichwani, na mara ya mwisho alipaka maji lini. Sio mafuta, MAJI.

Ushauri wangu ni kwamba hesabu hii umpe siku unayomsuka, kabla hajaondoka kwenye kiti. Ukimwambia mapema ni maelezo, ukimwambia akiwa amekasirika ni kujitetea.

Angalizo dogo: kama nywele za mbele usoni na pembeni ya masikio zimepotea, na pale palikuwa na vipele baada ya kusukwa, hilo ni kosa la kubana. Hapo kubali. Mtu akiondoka na maumivu mpaka anashindwa kulala, ule sio msuko mzuri, ni jeraha. Likiwahiwa nywele zinarudi, likirudiwa miaka na miaka shina linakufa na haziroti tena. Kwa yule mama wa maharage sehemu yangu ilikuwa hii: nilimbana mbele, halafu nikamsukia rasta ndefu za kufika kiunoni. Akiwa juu ya boda, upepo unazipeperusha nyuma na zile rasta zinamvuta nywele za mbele njia nzima, kwenda na kurudi, kila wiki.

MAFUTA HAYALETI MAJI

Kosa la wengi, hata sisi wenye saluni. Mteja anasema nywele zimekauka, tunampaka mafuta ya mgando juu ya nywele kavu zenye vumbi. Mafuta ya mgando ni kama mfuniko. Ukifunika sufuria tupu, ndani patabaki patupu. Tena Agosti yale mafuta mazito yanakamata vumbi, jioni kichwa kinakuwa kama tope.

Utaratibu wangu wa kiangazi uko hivi. Nazigawa nywele mafungu manne. Kila fungu nalipulizia maji safi mpaka lilowe kidogo bila kudondosha. Kisha kondishina ya kubaki kwenye nywele, kiasi cha kijiko cha chai kwa fungu, nakazia nchani. Ndipo juu yake mafuta machache ya kufunga yale maji. Nachana na chanuo la meno mapana kuanzia nchani nikipanda kwenye shina, kamwe sio kinyume chake. Halafu nasokota au nasuka ili ncha zijifiche. Mteja asitoke na nywele zilizolowa kuingia kwenye upepo. Nywele iliyolowa ni dhaifu na inavutika, na ikikaukia upepo inajifunga mafundo.

Mafuta gani? Ya nazi yanaingia ndani ya unywele na kusaidia protini isitoke wakati wa kuosha, kwa hiyo mimi nayapaka kabla ya kuosha. Ya alizeti na ya parachichi ni mepesi, mazuri kufungia maji, na huku kwetu yanapatikana. Ya nyonyo ni mazito, tia matone tu nchani. Gliserini nayo wengi wanaipenda, lakini kazi yake ni kuvuta unyevu, na kiangazi hewani unyevu wa kuvuta ni mdogo. Masika tumia. Agosti punguza, na ukitumia lazima uifunge na mafuta juu.

Kuosha: mara moja kwa wiki au kila baada ya wiki mbili inatosha kwa wengi, ila anayeshinda kwenye vumbi la barabara asisubiri mwezi. Sabuni ya mche acha ifue nguo. Ina ukali unaonyanyua yale magamba niliyosema. Na draya ya moto kila wiki msimu huu ni kuongeza ukavu juu ya ukavu. Badala yake mpe mteja kondishina, mvalishe kofia ya plastiki ya kuogea, zungushia taulo la moto dakika 15 mpaka 20. Huduma hiyo haitaki umeme, inataka jiko la mkaa na taulo mbili. Watu hawaiweki kwenye orodha ya bei na mimi sielewi kwanini.

Nywele za dawa zinahitaji uangalifu mara mbili, kwa sababu dawa imeshavunja sehemu ya nguvu ya unywele. Pale dawa ilipokutana na nywele mpya ndipo zinapokatikia.

KIBIASHARA SASA: KOFIA YA SATINI

Kitenge na leso za pamba ni nzuri, ila pamba inanyonya unyevu na inakwaruza. Satini inateleza. Mteja wa boda avae kitambaa cha satini chini ya helmeti. Kitamkinga na msuguano, na pia na jasho la abiria kumi waliovaa helmeti hiyo hiyo asubuhi. Rasta ndefu azifunge azichomeke ndani ya koti au kanga. Usiku avae kofia ya satini.

Hizo kofia unaweza kuziuza wewe. Chukua mita 2 za satini yenye upana wa sentimita 150. Ukipanga vizuri unakata duara 6 za sentimita 60, tatu kwa urefu na mbili kwa upana, na unabaki na kipande cha sentimita 30 kwa mita 2 cha kukata vitambaa vyembamba vya kufunga nywele za mbele.

Tuseme mita ni shilingi 4,000, zote mbili 8,000. Lastiki na uzi 1,500. Fundi cherehani 500 kwa kila kofia, 3,000. Jumla 12,500. Gawa kwa 6, kila kofia imekugharimu kama 2,085. Ukiuza 3,500 unapata 21,000, faida 8,500, bado hujauza vile vitambaa vyembamba. Bei za kwako weka mwenyewe, Tunduma na Isongole sio sawa, na duka moja hadi jingine sio sawa.

Mimi nimeacha kuuza kofia peke yake. Ninayemsuka Julai hadi Septemba namuwekea kofia ndani ya bei ya msuko na kumwambia wazi. Yule mama wa leso alirudi Oktoba, nikamsuka rasta za mabegani bila kumbana, akaondoka na kofia yake. Sasa analeta na wanawe.

MAMBO MAWILI YA KULINDA BIASHARA

Moja, mapunye. Mtoto akija na viraka vya mviringo visivyo na nywele, vina magamba meupe, huo sio ukavu wa upepo. Ni fangasi, inaambukiza kupitia vitana na mataulo. Usimsuke, usimpake mafuta ukamlia hela ya mzazi. Mwelekeze kituo cha afya, maana mara nyingi inahitaji dawa ya kumeza. Vifaa vilivyomgusa vioshe na kuviua vijidudu kabla ya kichwa kinachofuata.

Pili, ukianza kuchanganya mafuta yako na kuyafunga kwenye vichupa vyenye jina lako, umeshaingia kwenye vipodozi. Tangu 2019 vipodozi viko chini ya TBS. Anzia SIDO, wanatoa barua ya utambulisho kwa mjasiriamali mdogo ya kwenda nayo TBS, na watakuelekeza taratibu. Kuuza kimya kimya mpaka mtu aungue ngozi ni gharama kubwa kuliko usajili.

Satini nunua Mei, mvua ikikata tu. Ukisubiri Agosti upepo uanze, fundi wako atakuwa ameshajaa kazi za wengine.