Kura Moja ya Nathdwara

Nathdwara ni mji wa jimbo la Rajasthan, katika Bara Hindi, nao wajulikana sana kwa hekalu lake la Krishna. Wenyeji wa mji huo na vijiji vyake humchagua mjumbe mmoja wa kuwasemea katika Baraza la Jimbo, lenye wajumbe 200.

Bwana C. P. Joshi alichaguliwa huko mwaka 1980, 1985, 1998 na 2003. Mwaka 2008 alikuwa mkuu wa chama cha Congress jimboni, na wengi walimtazamia kuwa Waziri Mkuu wa jimbo. Kura zilipohesabiwa, Joshi alipata 62,215. Mshindani wake, Kalyan Singh Chauhan, 62,216. Joshi akashindwa kwa kura moja tu, na uwaziri mkuu akapewa Ashok Gehlot. Kama watu wawili zaidi wangalimpigia kura, angalishinda.

Mwaka 2013 Chauhan alishinda tena. Mwaka 2018 Joshi alirudi akashinda, na mwaka 2019 akawa Spika wa Baraza. Lakini mwaka 2023 alishindwa na Vishvaraj Singh Mewar.

Basi mtu asidharau kura yake kwa kuwa ni moja. Haba na haba hujaza kibaba.