HURUMA NA AKILI

Wasomaji wetu, huruma ni nini? Aristotle, mwanafalsafa wa Uyunani wa kale, alifundisha kwamba twamhurumia mtu apatwaye na mabaya asiyostahili, ambayo hata sisi twaweza kupatwa nayo. Ziwani petu jambo hili lilionekana. Tarehe 21 Mei 1996 meli Bukoba ilizama karibu na Mwanza, mamia wakafa, na nchi nzima ikaomboleza, hata wasiopata kuliona ziwa. Lakini tarehe 20 Septemba 2018 kivuko Nyerere kilipinduka karibu na Ukara, wakafa watu zaidi ya 200. Vyombo vyote viwili vilipakia kupita kiasi. Basi machozi peke yake hayatoshi. Huruma yenye akili huhesabu abiria kabla chombo hakijaondoka gatini.