SOMO LA UPISHI: MAKARONI YA KUJAZWA, NA MOTO WA CHINI NA WA JUU

Mara hii somo letu si la hesabu wala la historia. Ni somo la jikoni, na tumelilipia.

Mnajua kwamba sisi wa darasa la mwisho tunakaa maki, ndiyo kusema tunakaa pamoja katika nyumba moja kwa kujitayarisha na Mtihani wa Taifa. Mama mmoja mjane wa hapa Kibombo alitupa chumba chake kikubwa, yeye mwenyewe akalala na wajukuu. Tukasema: mbele ya kuachana, tumwalike mezani, tumpikie kitu ambacho hajakila bado. Tukachanga pesa. Tukachagua makaroni ya kujazwa, ile chakula Waitaliani wanaita kaneloni, maana yake mirija mikubwa: unga wa ngano uliokunjwa, ndani kuna mboga, nyama ao samaki, kisha inaokwa.

Ile siku ya kwanza tuliharibu. Tulikunja unga ukiwa mbichi, tukamimina mchuzi kidogo tu, tukaweka sufuria juu ya mbabula yenye moto mkali. Chini ikaungua, katikati ikabaki kama udongo. Mama akakula kimya. Kisha akasema pole: “Batoto yangu, chini inaungua, ndani iko mubichi.” Tulisikia haya sana. Pesa zilikuwa za wazazi wetu, na mgeni wetu alilala na njaa nyumbani mwake mwenyewe.

Kesho yake asubuhi alituletea mayai 3 ya kuku zake, akasema: “Mujaribu tena.” Ndipo tulianza kuuliza na kujifunza. Haya ndiyo tuliyoyapata.

NENO LA KWANZA: Kila kitu kiive mbele ya kukutana

Moto wa mwisho si wa kupika. Kazi yake ni kuunganisha vitu vilivyokwisha kuiva na kukausha kidogo upande wa juu. Samaki aive peke yake, mboga ziive peke yake, unga uchemshwe peke yake. Ukitegemea moto wa mwisho ufanye yote, utapata yale tuliyopata sisi.

VITU VYA KUTAFUTA (watu 6)

Unga wa ngano gramu 300 na mayai 3, ndiyo yai 1 kwa kila gramu 100. Samaki wa moshi 2 wa kadiri. Lengalenga mafungu 4. Tomati 8, vitunguu 3, chumvi, mafuta. Maziwa ya unga vijiko vikubwa 10. Kwetu Maniema mpunga ndio unastawi. Ngano inapenda nchi ya baridi, kwa hiyo unga wake unatoka mbali na bei yake ni kali. Usiuchezee. Jibini ya Masisi ikipatikana, ni vizuri. Isipopatikana, chakula hakiharibiki.

NAMNA YA KUFANYA

1. Unga. Changanya unga, mayai na chumvi kidogo. Ukande dakika 10 mpaka uwe laini. Uufunike na kitambaa, uache upumzike dakika 30. Usiruke hapo. Unga uliotoka kukandwa unavuta na kurudi kama mpira; ukipumzika, unakubali kutandazwa. Sisi hatuna mtambo, tulitumia chupa tupu iliyooshwa vizuri. Tandaza mpaka uwe mwembamba sana, kisha ukate vipande vya upana wa kiganja.

2. Vya kujaza. Toa miba yote ya samaki. Angalia mara mbili, maana mgeni haoni kilicho ndani. Kaanga kitunguu 1, tia samaki. Chemsha lengalenga, uzikamue maji kwa nguvu, uzikatekate, uchanganye. Ukiacha maji ndani, mirija itapasuka.

3. Mchuzi wa tomati. Kaanga vitunguu 2, tia tomati na kikombe 1 cha maji. Uwe mwepesi, kwa sababu unga utakunywa sehemu yake.

4. Mchuzi mweupe. Pasha mafuta vijiko vikubwa 4, tia unga vijiko 4, koroga dakika 2. Koroga maziwa ya unga katika robo tatu ya lita ya maji, umimine kidogo kidogo, bila kuacha mwiko, mpaka uwe mzito kidogo.

5. Kuchemsha na kukunja. Tia vipande vya unga katika maji mengi yanayochemka, dakika 2 tu. Vitandaze juu ya kitambaa. Weka vya kujaza, kunja, panga katika sahani ya bati iliyopakwa mchuzi wa tomati, sehemu iliyokunjwa ikiangalia chini. Mimina mchuzi wa tomati uliobaki, kisha mchuzi mweupe, mpaka kila mrija ufunikwe. Penye kubaki wazi panakauka na kuwa kama kuni.

NENO LA PILI: Moto

Wengi wetu hatuna tanuru. Chukua sufuria kubwa, tia mchanga mkavu vidole 2, weka mawe 3 madogo, juu yake sahani ya bati. Funika na kifuniko cha bati, kisha weka makala yanayowaka juu ya kifuniko. Gawanya makala yako mafungu 3: fungu 1 chini, mafungu 2 juu. Kwa nini? Moto una desturi ya kupanda. Ule wa chini unafika upesi, ule wa juu unahitaji wingi. Acha dakika 30. Fungua mara moja tu kuangalia. Ukitoa, ngojea dakika 10 mbele ya kukata, ishikamane.

Fanya kazi hii inje. Makala ndani ya nyumba iliyofungwa yanatoa hewa ya sumu isiyo na harufu, nayo inaua.

NENO LA TATU: Wakati

Mara ya pili tulifanya unga na mchuzi asubuhi, tukapanga sahani saa kumi, tukawasha moto saa kumi na moja. Mama alipoingia saa kumi na mbili, sisi tulikuwa tumeoga na kukaa naye. Mara ya kwanza alikaa peke yake, sisi wote tukipuliza moto. Kumbe mtu anaalikwa ili akae na watu.

Wavulana wengine walicheka, eti hii ni kazi ya wabinti. Lakini nani alikula sahani tatu? Hatutaji jina.

Mama alikata mrija wa katikati kwanza, akaangalia ndani. Akatuangalia. Akasema: “Sasa inaiva,” akaomba sahani kwa ajili ya wajukuu.

MASWALI YA KUJIULIZA

1. Kwa nini unga upumzike mbele ya kutandazwa?
2. Kwa nini makala ya juu yazidi ya chini?
3. Nyumbani kwenu, nani anapika kila siku bila kualikwa mezani hata mara moja? Utamwalika lini?